Wivu Si Utetezi

Hoja kwamba filamu za wivu huhalalisha mauaji, hivyo zipigwe marufuku kwenye mabanda ya video ya Nachingwea na Ruangwa, haina mashiko. Katika Dial M for Murder (1954) ya Alfred Hitchcock, mume aliyesalitiwa hapofushwi na hasira: hutafuta muuaji, hupanga saa ya kupiga simu, huficha ufunguo chini ya zulia la ngazi. Ufunguo huohuo ndio unaomnasa. Sheria ya Tanzania nayo haichanganyi mambo. Kifungu cha 201 cha Kanuni ya Adhabu hushusha kosa hadi kuua bila kukusudia pale tu mtu anapochokozwa ghafla na kuua kabla hasira haijapoa. Aliyekaa akapanga hana kinga hiyo. Filamu hiyo huuvua wivu kisingizio.