Ndugu zangu wa Irente, michango hii ya wasanii wagonjwa itaisha lini?

 

Juzi kwenye kundi letu la simu mmeweka tena namba ya kuchangia matibabu ya msanii. Nimetuma, kama ninavyotuma kwenye kila msiba nisioweza kufika. Lakini safari hii moyo umekataa kunyamaza. Mtu anatuchekesha miaka nenda rudi, halafu akiugua tunachangishana kana kwamba hakuwahi kufanya kazi?

Kila nikiiona namba ya aina hiyo namkumbuka mzee wa mkoa wetu, Amri Athuman, King Majuto. Alizaliwa Tanga mwaka 1948, akaanza kuigiza akiwa mtoto wa miaka 9. Akapita majukwaani, akapita kwenye kanda za video, akafika kwenye filamu na matangazo ya biashara. Nani kati yetu hajapanda basi la Lushoto akamkuta Majuto kwenye runinga ya mbele? Kuanzia Mombo dereva anakata kona za mlima, na abiria wanacheka hadi Soni. Mwenye basi kapata nauli yake. Muuza kanda kapata chake. Aliyewachekesha je?

Mwaka 2018 aliugua, akapelekwa India, akarudi, na tarehe 8 Agosti akafariki hospitali ya Muhimbili. Tukamuaga ukumbi wa Karimjee kwa heshima, akarudishwa Tanga kuzikwa. Alipokuwa bado kitandani ndipo nchi nzima ilipoanza kuulizana kuhusu mikataba yake, hadi Waziri wa wakati huo, Harrison Mwakyembe, akaunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii. Kwa nini tulisubiri mzee wa watu alale hoi ndipo tuulize aliandikiwa nini?

Linaniuma zaidi kwa sababu ya hapa ninapoishi, Malmö, Sweden. Nikienda kazini napita jumba la maonyesho lililofunguliwa 1944, ambalo leo ni la opera. Mwigizaji Max von Sydow alifanya kazi hapo. Mwaka aliozaliwa Majuto, huyu alikuwa anaingia shule ya uigizaji ya Dramaten, jumba la taifa kule Stockholm. Akamaliza 1951, akaigiza kwenye majumba ya miji mingine, akaja Malmö 1955 chini ya mwongozaji Ingmar Bergman. Mwaka 1957 dunia ikamwona kwenye filamu ya Bergman akicheza chesi na Kifo. Aliigiza hadi uzeeni, akafariki 2020 akiwa na miaka 90.

Kwamba alimzidi Majuto kipaji, hilo sikubali hata mkiniamsha usiku wa manane. Alimzidi karatasi. Waigizaji wa huku wana chama tangu 1894, na chama ndicho kinachokaa mezani na waajiri. Kwetu anakaa mwigizaji peke yake na njaa yake.

Sheria tunayo, ya Hakimiliki na Hakishiriki, tangu 1999. Lakini nani ameipandisha hadi Irente? Vijana wetu wanarekodi vichekesho pale mwambani, bonde lote la Mazinde liko chini yao, na wana vipaji hasa. Anakuja mtu na kamera nzuri, anawapa hela ya chakula na nauli, wanasaini. Tangu siku hiyo sura si yao, sauti si yao. Na nyie wazazi mnapiga makofi kwamba mtoto ametoka kwenye televisheni!

Naomba jambo moja tu. Tutengeneze mkataba wa ukurasa mmoja, kwa Kiswahili, nakala zikae kwa Afisa Utamaduni pale Halmashauri. Uandikwe kazi ni ipi na malipo ni kiasi gani. Uandikwe sura na sauti vitatumika kwa muda gani, na muda ukiisha virudi kwa mwenyewe. Uandikwe kazi ikirudiwa hewani au ikiuzwa kwingine, msanii anapata fungu gani. Usainiwe mbele ya shahidi, nakala moja abaki nayo msanii. Bila karatasi hiyo, kamera isiwashwe Irente, wala msitu wa Magamba, wala sokoni Lushoto.

Najua mtasema ni rahisi kusema ukiwa Ulaya. Ni kweli sipo. Sikuwapo mama alipolazwa, na mlimuuguza nyie. Natuma hela haraka kuliko mtu yeyote kwenye kundi, na mnajua kwa nini. Nawapenda, ndiyo maana nawagombeza.

Mjomba, wewe uliyekuwa karani mahakamani, andika rasimu. Mwenyekiti, iweke kwenye ajenda ya mkutano ujao. Gharama ya kuchapa nakala ni yangu. Na wewe mdogo wangu unayechekesha watu pale mwambani, wakikuambia saini kwanza utasoma baadaye, warudishie kalamu yao.

Ndugu yenu,
Malmö