Dumuzi si fukusi



Wazee wetu walituachia neno: akiba haiozi. Neno hilo ni kweli kwa mtu mwenye kuichunga akiba yake. Lakini yako mahindi yasiyooza hata kidogo, nayo yageuka unga ndani ya kihenge kabla mama wa nyumba hajayapeleka kusagwa. Juma hili twataka kusema habari za mdudu afanyaye kazi hiyo. Jina lake ni dumuzi.

Kwao si Afrika. Ni mgeni aliyetoka Meksiko na nchi za Amerika ya Kati. Upande wetu huu wa bara alionekana kwanza katika mkoa wa Tabora, nchini Tanzania, mwishoni mwa miaka ya 1970, na mwaka 1981 wataalamu walitangaza habari zake. Mwaka 1983 alikuwa amekwisha kufika Taveta, katika Kenya, na mwaka 1984 Burundi. Mwaka huo wa 1984 alitambuliwa pia Togo, mbali sana upande wa magharibi. Dumuzi aweza kuruka, lakini safari zake ndefu huzifanya bila taabu: hupanda gari pamoja na magunia ya mahindi na ya muhogo mkavu.

Huko Tabora watu walimwona mdudu mdogo katika mahindi, wakadhani ni fukusi waliyemzoea tangu zamani. Wakaendelea kuweka mahindi katika vihenge pamoja na magunzi yake, kama walivyofundishwa na baba zao. Kumbe hayo ndiyo makao anayoyapenda dumuzi kupita yote. Punje zikiwa zimeshikamana katika gunzi, yeye hupata mahali imara pa kukaza miguu na kutoboa. Wachunguzi walikuta nyumba zilizopoteza hata theluthi moja ya uzito wa mahindi yao kwa miezi michache. Enyi watoto wa shule, fanyeni hesabu: jamaa yenye magunia 9 itabaki na mangapi? Na yale 3 yaliyopotea ndiyo chakula cha miezi ile ya mwisho, wakati mavuno mapya yangali shambani. Makopa ya muhogo huharibiwa zaidi tena: yaweza kupotea hata nusu na kupita.

Basi, twapaswa kumjua kwanza. Mimina mahindi kidogo juu ya karatasi nyeupe, mahali penye mwangaza. Fukusi ana pua ndefu kama mkonga wa tembo, huyo hutamkosa. Dumuzi hana pua ya namna hiyo. Mwili wake ni mviringo kama kipande cha kijiti, rangi yake kahawia nyeusi, urefu wake milimita 3 hadi 4 na nusu. Kichwa chake kimeinama chini ya kifua, hata ukimtazama kutoka juu hukioni. Na nyuma yake ni kama imekatwa kwa kisu. Kwa sababu hiyo wataalamu walimwita kwa Kilatini truncatus, maana yake aliyekatwa. Alama nyingine ni unga: palipo dumuzi, unga mwingi humwagika chini ya kihenge na juu ya magunzi.

Kwa nini tujisumbue kuwatenganisha wadudu hawa wawili? Kwa sababu dawa iuayo mmoja haimshindi mwingine vema. Dawa iitwayo pirimifosi-methili humuua fukusi, lakini dumuzi huistahimili. Permetrini humuua dumuzi, lakini kwa fukusi ina nguvu kidogo. Ndiyo maana hutengenezwa unga wenye dawa zote mbili pamoja. Mtu asiyejua hununua dawa moja, huona wadudu wangali hai, huongeza kipimo, na mwisho hulisha watoto wake sumu.

Sasa tazameni kazi ifaayo kufanywa, kwa taratibu yake.

Kwanza, vuneni mara mahindi yakomaapo. Msiyaache shambani bure. Fagieni kihenge, mkachome taka na magunzi ya zamani. Chunguzeni na nguzo zake, kwani dumuzi hukaa hata ndani ya mti.

Pili, yakausheni mahindi sana. Tieni punje na chumvi kavu ndani ya chupa kavu, tikiseni, ngojeni robo saa. Chumvi ikigandamana na chupa, mahindi yangali na maji.

Tatu, yapukuchueni, myapepete. Hii ndiyo kazi kubwa kupita zote, kwani katika punje zilizoachana dumuzi hukosa mahali pa kujishikiza.

Nne, mkitumia dawa, iwe ile ya nafaka, yenye mchanganyiko tuliousema. Kwa kawaida ni gramu 100 kwa gunia la kilo 90 au 100. Lakini someni karatasi yake kabla ya kuipima, pamoja na siku za kungoja kabla ya kula. Dawa ya pamba au ya shambani isikaribie chakula kamwe.

Tano, asiyetaka dawa aweza kutumia mfuko wa tabaka tatu ufungwao kabisa. Wadudu huimaliza hewa iliyomo, wakafa. Lakini mahindi yasipokuwa makavu, humo yataota ukungu.

Na baada ya hayo yote, fungueni ghala kila majuma mawili, mtazame. Mfuko ule wa tabaka tatu peke yake usifunguliwe ovyo. Katika joto letu, majuma kama manne hutosha yai la dumuzi kuwa mdudu kamili. Mwenye kutazama mapema hupepeta debe moja. Mwenye kuchelewa hupepeta unga mtupu.