Kipande Kilichokatwa



Juma hili nazungumzia filamu ya Marekani ya mwaka 1987, Fatal Attraction, iliyoongozwa na Adrian Lyne. Simshauri mtu kuitazama, kwani ina mengi yasiyofaa kuingizwa majumbani. Nataka tuzingatie kilichokatwa ndani yake.

Dan ni wakili wa New York, mwenye mke, Beth, na binti mdogo. Mkewe akiwa safarini, Dan anazini na mwanamke aitwaye Alex, kisha ataka kurudi kwake kana kwamba hapakuwa na jambo. Alex anakataa kuachwa, anadai ana mimba yake, na hasira zake zinageuka wazimu.

Katika mwisho uliopigwa kwanza, Alex anajiua kwa kisu chenye alama za vidole vya Dan, na polisi wanakuja kumkamata Dan nyumbani kwake. Watazamaji wa majaribio hawakuridhika. Walitaka Alex aadhibiwe. Mwisho ule ukakatwa, ukapigwa mwingine. Glenn Close, aliyeigiza Alex, aliupinga, lakini mwishowe aliukubali. Sasa Alex anavamia nyumba na kisu, Beth anampiga risasi, na tunaagwa na picha ya familia iliyotiwa fremu.

Aliyevunja ahadi ya ndoa ni Dan. Lakini mkasi ulipopita, deni lake lililipwa na mwanamke, tena kwa mkono wa mwanamke mwenzake.

Nasi tunao mkasi huo. Mume akikosea, utasikia: "Karogwa." "Yule mwanamke hana haya." "Mkewe hakujua kumtunza." Mume mwenyewe hatajwi, kipande chake kimekatwa.

Huenda mtu akasema hiyo ni stara. La. Stara ni kufunika aibu ya mja, si kumtwika mwengine dhambi yake. Na katika Suratun-Nur, amri ya kuinamisha macho imeanza kwa wanaume, ndipo ikaja kwa wanawake.

Basi, mama, bintiyo akikujia analia, usianze kwa kumuuliza alikosea wapi. Mume naye aitwe, kwa faragha na heshima, aulizwe yaliyo yake. Mlango wa toba u wazi kwa kila mja, ila hakuna amwingiliaye mwenziwe.

Wabillahi tawfiq.