Norma Aleandro na Swali la Nasaba

Siri ya mtungi aijuaye kata. Nchini Argentina, siri kubwa ya wanajeshi ilitolewa hadharani mbele ya ulimwengu na mwigizaji wa sinema, Bibi Norma Aleandro.

Bibi huyu alizaliwa Buenos Aires mwaka wa 1936, baba na mama wote wakiwa waigizaji. Wanajeshi waliponyakua serikali Machi 1976, alitishiwa maisha, akahamia Uruguay, kisha Uhispania. Maelfu ya wengine walikamatwa wasionekane tena. Wajawazito waliachwa hai mpaka wajifungue. Kisha mama akauawa, na mtoto akapewa wanajeshi au marafiki zao, akaitwa wao.

Utawala huo ulianguka mwaka wa 1983. Miaka miwili baadaye ikatoka sinema La historia oficial, yake Luis Puenzo. Humo Bibi Aleandro, aliyekwisha kurejea kwao, ni Alicia, mwalimu wa historia, mke wa mfanyabiashara mwenye usuhuba na wakubwa. Analea binti asiyemzaa, na siku moja anaanza kuuliza: mtoto huyu ni wa nani? Swali hilo linaivunja nyumba yake. Kwa kazi hiyo aligawana na Cher tuzo ya mwigizaji bora wa kike huko Cannes mwaka wa 1985. Mwaka uliofuata sinema hiyo ikapata Oscar.

Je, kwa nini iliwachoma watu moyo? Kwa sababu Alicia hakuua wala hakuiba. Kosa lake ni kula matunda bila kuuliza mti. Wengi walijiona ndani yake.

Nasi twajua kuwa kulea yatima ni thawabu, ila kumpokonya nasaba yake ni dhuluma. Akina nyanya wa Plaza de Mayo, walioanza kuwatafuta wajukuu wao mwaka wa 1977, wanakadiria waliibwa watoto 500 hivi. Kufikia Julai 2025, kwa kupima damu na kwa subira, walikuwa wamejulikana 140. Hata hivyo, Agosto 2024 serikali ya Rais Javier Milei ilikivunja kitengo maalum kilichochunguza habari za watoto hao.

Watoto wenyewe sasa ni watu wazima wa miaka hamsini hivi, na wengi hawajui kwamba kuna anayewatafuta. Nyanya nao wanazidi kupungua. Swali la Alicia, basi, bado linangoja jibu.