Kura ni ya Nani?

Katika majuma machache yaliyopita nimepokea maswali matatu kutoka kwa watu watatu wasiojuana, na yote matatu yanahusu jambo moja. La kwanza liliulizwa na mama mmoja mkulima, ambaye binti yake anafanya kazi ya nyumbani huko Saudia. Aliniuliza: “Mwanangu huyu ndiye anayewalipia ndugu zake karo. Mbona siku ya uchaguzi hahesabiwi?” La pili liliulizwa na karani mwenzangu, ambaye jirani yake ni mtu wa nchi nyingine aliyekaa kwetu zaidi ya miaka 20. Mtu huyo hulipa kodi, huchanga harambee, na huzika pamoja na wanakijiji. Je, naye apige kura? La tatu lilitoka kwa mzee mmoja wa pwani, aliyesema kwa sauti ndogo kwamba alizaliwa hapa, baba yake alizaliwa hapa, na hata hivyo alikuwa mtu mzima sana alipoitwa mwananchi kwa mara ya kwanza.

Maswali haya si ya mchezo, na mtu asiyajibu kwa kubahatisha. Basi leo nitajaribu kuyaeleza kwa utaratibu, kama yalivyo katika sheria na kama yalivyotokea katika nchi yetu.

Yafaa kwanza tukumbuke tulikotoka. Zamani kura haikuwa ya kila mtu. Mwaka 1944 Bwana Eliud Mathu aliingia katika Baraza la Kutunga Sheria akiwa Mwafrika wa kwanza, lakini aliteuliwa na Serikali ya wakati ule wala hakuchaguliwa kwa kura. Mwezi wa Machi mwaka 1957 ndipo Waafrika wa Kenya walipowachagua wajumbe wao mara ya kwanza. Viti vilikuwa vinane tu kwa nchi nzima. Miongoni mwa waliochaguliwa walikuwamo Bwana Tom Mboya wa Nairobi, Bwana Oginga Odinga wa Nyanza ya Kati, Bwana Ronald Ngala wa Pwani na Bwana Daniel arap Moi wa Bonde la Ufa.

Lakini ni nani aliyeruhusiwa kupiga kura siku hiyo? Ilimpasa mtu awe ametimiza miaka 21, na tena awe na sifa zilizopangwa: elimu ya kiasi fulani, au mapato ya pauni 120 kwa mwaka, au mali ya pauni 500, au utumishi wa miaka mingi, na nyinginezo. Mwenye sifa nyingi alipewa kura zaidi ya moja, mpaka kura tatu. Na katika Jimbo la Kati, Wakikuyu, Waembu na Wameru walitakiwa kwanza kupata hati ya kuthibitisha utii wao kwa Serikali. Fikirini jambo hili. Karani aliyesoma shule ya misheni aliweza kuwa na kura mbili au tatu, na baba yake mzazi, aliyelima na kuuza mahindi ili mtoto huyo asome, akakosa hata moja.

Mwaka 1961 masharti yalilegezwa. Aliyejua kusoma au kuandika lugha yake mwenyewe alikubaliwa, na aliyepita miaka 40 alikubaliwa hata kama hakusoma. Mwezi wa Mei 1963 ndipo kila mtu mzima alipopata kura moja, sawa na mwenzake. Na mwaka 1974 umri ukashushwa kutoka miaka 21 hadi miaka 18. Basi kura aliyo nayo kijana leo haikuanguka kutoka mbinguni. Ilifunguliwa mlango baada ya mlango.

Sasa tutazame sheria tuliyo nayo. Katiba iliyoanza kutumika tarehe 27 Agosti 2010 inaeleza katika kifungu cha 83 kwamba mtu anastahili kuandikishwa kuwa mpiga kura akiwa raia aliyetimiza umri wa miaka 18, akiwa na akili timamu, na akiwa hakupatikana na hatia ya kosa la uchaguzi katika miaka mitano iliyotangulia. Ni hayo tu. Hakuna sharti la elimu, wala la shamba, wala la mshahara, wala la dini, wala la kabila. Hata mfungwa hakufutwa katika orodha hiyo, na katika uchaguzi wa mwaka 2017 wafungwa walipiga kura ya kumchagua Rais wakiwa gerezani. Tena Katiba yenyewe yasema kwamba mipango ya kuwaandikisha watu iwe ya kuwarahisishia raia wanaostahili, si ya kuwanyima.

Mtaona kwamba neno kubwa katika kifungu hicho ni “raia”. Lakini raia ni nani? Ni mtu ambaye siku alipozaliwa baba yake au mama yake alikuwa raia wa Kenya, awe alizaliwa Kisumu au alizaliwa London. Zamani mama hakuhesabiwa sawa na baba katika jambo hili kwa mtoto aliyezaliwa nje ya nchi, na hilo sasa limerekebishwa. Mgeni pia aweza kuomba uraia baada ya kukaa nchini kwa halali miaka saba mfululizo, au baada ya miaka saba ya ndoa na raia, akitimiza masharti mengine ya sheria. Akisha kupewa uraia, kura yake ni nzima kama ya mtu yeyote.

Na sasa nimjibu yule mama wa kwanza. Mama, binti yako hakupoteza haki yake kwa kupanda ndege. Kifungu cha 82 cha Katiba kinaliagiza Bunge litunge sheria ya kuwaandikisha raia wanaokaa nje ya nchi, na kuwatimizia haki yao ya kupiga kura hatua kwa hatua. Neno hilo “hatua kwa hatua” ndilo lenye shida. Mwaka 2013 waliopiga kura nje ni wale tu waliokuwa Tanzania, Uganda, Rwanda na Burundi. Mwaka 2015 Mahakama ya Juu iliamua kwamba haki hiyo ipo, lakini kwamba kuitimiza kwaweza kwenda polepole kwa kadiri ya uwezo. Mwaka 2017 Afrika Kusini ikaongezwa. Mwaka 2022 nchi zikawa 12, zikiwamo Uingereza, Marekani, Kanada, Ujerumani, Katari, Falme za Kiarabu na Sudan Kusini. Saudia haikuwamo, ingawa mabinti na vijana wetu wengi wako huko. Na hata huko kulikofunguliwa vituo, mtu humchagua Rais peke yake, au hupiga kura ya maoni. Hamchagui mbunge, wala gavana, wala mwakilishi wa wadi ya kwao.

Mwaka huo wa 2022 walioandikishwa nje ya nchi walikuwa kama 10,000 tu. Tukiiweka hesabu hiyo kando ya hesabu ya fedha, tutashangaa. Mwaka 2024 fedha walizotuma nyumbani Wakenya walioko nje zilikaribia dola milioni 5,000 za Kimarekani, nazo zilizidi mapato ya chai tunayouza ng’ambo. Kwa hiyo binti wa yule mama ni mkulima wa namna yake. Anavuna mbali na kuleta ghalani mwetu. Si haki aitwe wakati wa mavuno tu, asiitwe wakati wa shauri. Kwa maoni yangu, hatua hizo za polepole zatakiwa ziongezwe mwendo, na vituo vifunguliwe kwanza pale walipo wafanyakazi wengi, si pale walipo mabwana wenye vyeo. Nao walioko nje wana wajibu wao: wajiandikishe katika ubalozi ili wajulikane idadi yao, kwa maana mtu asiyehesabiwa hawezi kufunguliwa kituo.

Wako wengine huko nje waliochukua uraia wa nchi nyingine, nao huniuliza kama wamepoteza kura. Kabla ya Agosti 2010 aliyechukua uraia wa kigeni alipoteza wa Kenya. Sasa raia wa kuzaliwa hapotezi uraia wake kwa kupata mwingine, na aliyeupoteza zamani aweza kuomba arudishiwe. Lakini ajue kwamba kupiga kura ni jambo moja na kushika madaraka ni jingine: kwa kawaida mwenye uraia wa nchi mbili hawezi kuwa ofisa wa dola mpaka aache ule wa pili.

Sasa nageukia jirani wa karani mwenzangu. Wazee wetu walisema, mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Hawakusema mpe jembe na kiti cha barazani. Hivyo ndivyo ilivyo sheria ya Kenya: asiye raia hapigi kura, hata kama amekaa miaka 20, hata kama hulipa kodi kuliko sisi. Lakini si nchi zote zinazofuata njia hiyo. Malawi humruhusu mgeni aliyekaa huko miaka saba. New Zealand imewaruhusu wakaaji wake wa kudumu tangu mwaka 1975. Na huko Uingereza, raia wa nchi za Jumuiya ya Madola anayekaa kwa halali aweza kuandikishwa na kuchagua hata mbunge. Basi Mkenya aliyeko London aweza kupiga kura ya Uingereza, na Mwingereza aliyeko Kericho hawezi kupiga kura ya Kenya.

Je, tuwaige? Mimi nadhani si lazima. Anayeamua mambo ya nyumba yafaa awe mtu ambaye nyumba ikiungua hana pengine pa kukimbilia. Lakini ikiwa twamwambia mgeni kwamba mlango wa kura ni uraia, basi mlango huo uwe na bawaba zinazofunguka. Si vema kumwonyesha mtu mlango, kisha kumweka kibarazani miaka na miaka akingoja majibu ya barua.

Na hapa ndipo linapoingia swali la yule mzee wa pwani, ambalo kwangu ndilo zito kuliko yote. Yeye ni Mmakonde. Wazee wake walitoka Msumbiji zamani za ukoloni, wakaja kufanya kazi katika mashamba ya mkonge na miwa. Walikaa, wakaoa, wakazaa, wakazika. Uhuru ulipopatikana mwaka 1963, wao hawakuandikwa popote. Pasipo kitambulisho mtu hawezi kufungua hesabu benki, hawezi kuajiriwa kwa barua, na hawezi kupiga kura. Watoto wakarithi ukosefu huo kama vile wengine warithivyo shamba. Mwezi wa Oktoba mwaka 2016 Wamakonde wa Kwale walifunga safari ya kwenda Nairobi, sehemu kubwa kwa miguu, wakamwona Rais, naye akaamuru wapewe vitambulisho. Mwaka 2017 wakapiga kura. Washona, ambao wazee wao walitoka Zimbabwe, walitambuliwa mwezi wa Desemba mwaka 2020, na Wapemba wa pwani mwaka 2023.

Nilimwuliza mzee huyo alijisikiaje siku ile ya kwanza kituoni. Alinijibu: “Mwanangu, foleni ilikuwa ndefu, na jua lilikuwa kali. Watu walinung’unika. Mimi sikunung’unika. Nilitamani iwe ndefu zaidi, nisimame na watu.”

Maneno hayo yaliniumiza moyo, na sababu yake lazima niikiri mbele yenu. Mwaka 2021 nilihamishwa kazi kutoka wilaya moja kwenda nyingine. Nilihamisha vitabu, kitanda, kuku wangu, na watoto shule. Andikisho langu la kura sikulihamisha, maana nilijiambia kila juma kwamba nitakwenda juma lijalo. Tarehe 9 Agosti 2022 nikavaa koti langu na kwenda kituo cha karibu. Jina langu halikuwamo. Lilikuwa kule nilikotoka, mwendo wa siku nzima. Nikarudi nyumbani mchana, na mtoto wangu akataka kuona wino kidoleni. Sikuwa na wino wa kumwonyesha. Hakuna aliyeninyima kura. Nilijinyima mwenyewe, mimi mwenye kusoma na kuandika, mwenye kitambulisho tangu ujana, wakati mzee yule alitembea kwa miguu kwa ajili ya kipande hicho hicho cha karatasi.

Basi wasomaji wangu, nawasihi mambo machache. Kijana aliyetimiza miaka 18 achukue kitambulisho mapema, aende akajiandikishe, kwa maana uandikishaji hufungwa kabla ya uchaguzi. Aliyehama ahamishe andikisho lake, na sheria yataka afanye hivyo siku zisizopungua 90 kabla ya kura. Asijiandikishe mahali pawili, kwa kuwa hilo ni kosa. Mwenye ndugu ng’ambo amwandikie, amkumbushe kutunza pasipoti yake isije ikaisha muda, na kujitambulisha ubalozini. Na mwenye jirani asiye na hati, ambaye anamjua kuwa mtu wa hapa, asimcheke. Amsindikize kwa chifu, na amshuhudie.

Uchaguzi wetu mkuu huja Jumanne ya pili ya mwezi wa Agosti kila mwaka wa tano. Tarehe hiyo haimngojei mtu. Chelewa chelewa, utakuta mwana si wako. Mimi nilikwisha kuhamisha andikisho langu, na mwanangu nimemwahidi wino.