Vijana wa Silanga hapa Kibera, mtazameni Mazrui

Asante mwandishi kwa kumkumbuka Profesa Ali Mazrui, ila makala yako imepita haraka mno mwaka 1999. Mwaka huo, Mmarekani Henry Louis Gates alipotoa filamu zake kuhusu Afrika na kuwahoji Waswahili juu ya asili yao, Mazrui, mzaliwa wa Mombasa, alimkosoa vikali. Namuunga mkono Mazrui. Filamu zake mwenyewe za 1986, sehemu 9, zilikwisha kueleza urithi wetu Waafrika wa aina tatu: wa jadi, wa Kiislamu na wa Kimagharibi. Hata hapa Kibera kuna waliohojiwa juu ya asili yao: majirani zetu Wanubi, wenyeji tangu enzi za mkoloni, kwa miaka mingi walihojiwa zaidi ya wengine wakiomba kitambulisho. Inauma! Vijana wenye kamera, warekodini wazee wao wa mtaa wa Makina wangali hai.