Shimo la Chokaa Lina Mwenyewe?

Chimba msingi wa nyumba bondeni Ngorongo, jembe litakutana na tope, kisha mchanga, kisha tope tena. Bonde hili limejengwa na mto, na Rufiji haituletei mawe. Mafuriko ya Aprili 2024 yalipoingia, kuta za miti na udongo hazikuwa na ubavu wa kushindana nayo. Anayevuna ufuta wa kutosha anawaza saruji, na mimi simlaumu. Kwa hiyo sina ugomvi na machimbo ya mawe ya saruji. Ugomvi wangu ni na shimo linaloachwa nyuma.

Saruji asili yake ni bahari. Kilima cha Wazo, kule Tegeta, Dar es Salaam, ni matumbawe ya kale: viumbe wadogo walijijengea makazi kwa chokaa ya majini, wakafa, wengine wakajenga juu yao, hadi ardhi ilipoinuka na bahari ikarudi nyuma. Kiwanda cha hapo, cha kwanza nchini, kilianza kutoa saruji mwaka 1966. Jiwe husagwa, huchanganywa na udongo, kisha huchomwa kwenye joto la nyuzi 1,450 hivi. Katika kila kilo 100 za mawe safi ya chokaa, kilo 44 hupaa zikiwa hewa ukaa, hata kama tanuri lingewashwa kwa jua. Karibu nusu ya jiwe haifiki kwenye mfuko.

Na moto wa Wazo unapita kwetu. Tangu 2004 gesi ya Songo Songo husafiri kwa bomba kupitia nchi ya Rufiji hadi Dar es Salaam, na tawi moja linaishia kiwandani. Kuchoma jiwe la bahari kwa moto unaotoka kwetu si jambo geni. Kabla ya saruji, watu wa pwani walipanga tanu la magogo, mara nyingi ya mikoko, wakaweka matumbawe juu na kuyachoma wapate chokaa. Misikiti ya Kilwa ilisimama kwa chokaa, na boriti za delta yetu zilivuka bahari hadi Uarabuni. Huku tumezoea kutoa.

Sasa tazama kiwanda cha saruji cha Bamburi, Mombasa. Mwaka 1971 mtaalamu wa kilimo René Haller alianza kupanda miti kwenye machimbo yaliyobaki jiwe tupu na maji ya chumvichumvi. Kati ya aina 26 alizojaribu, 3 tu zilishika, mvinje ukiwa mmojawapo. Majani yake yalikataa kuoza. Wakaletwa majongoo, wakayala, na kinyesi chao kikawa mwanzo wa udongo. Mwaka 1984 watu walifunguliwa mlango waingie kutembea msituni. (Wahandisi wetu watanisamehe: aliyefanya kazi ngumu pale ni jongoo.)

Utaambiwa kwamba kiwanda kile kilikuwa na fedha. Mvinje si mti wa gharama, na jongoo hadai mshahara. Kilichohitajika ni muda, na mtu wa kuanza kabla mawe hayajakwisha. Kwetu Tanzania tumeanza kwa kugombea mipaka: mgogoro wa Chasimba, kati ya wakazi na kiwanda cha Wazo, ulifika hadi mahakamani. Huko swali lilikuwa ardhi ni ya nani. Itakuwa nini uchimbaji ukiisha, hilo halijapata kelele kama hizo.

Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inadai tathmini ya mazingira kabla ya mradi. Nadhani haitoshi ikibaki karatasi tu. Gharama ya kuliponya shimo iingie katika bei ya mfuko tangu siku ya kwanza, fedha ziwekwe mahali ambapo mwenye machimbo hawezi kuzigusa, na upandaji uanze upande mmoja huku upande wa pili ukichimbwa. Mfuko utapanda bei, na sisi wa Ngorongo, tunaolipia na nauli ya lori juu yake, tutaumia zaidi. Nakubali kuilipa.

Nawe kijijini kwako wakija kuomba eneo la kuchimba mawe, usikubali muhtasari wa mkutano ugongwe muhuri kabla hujaonyeshwa miti itakayopandwa humo, na nani atakayeimwagilia.